Nimerudi, Tumerudi, Amerudi: AC/DC na Albamu ya Back in Black

Kwetu Buganda, mtu akishazikwa shughuli haijaisha. Hubaki siku moja, ambayo huweza kuja baada ya majuma, miezi au hata miaka, siku ya ukoo kukutana na kuumaliza msiba. Tunaiita okwabya olumbe. Siku hiyo mrithi hutolewa mbele ya watu akiwa amevishwa nguo ya gome la mti, hukabidhiwa mkuki, na wazee humwambia kwamba tangu saa hiyo yeye ndiye mwenye nyumba. Watoto wa marehemu humwita baba, hata kama asubuhi ya siku ileile walimwita kaka.

Baba yangu alipofariki, mrithi alikuwa kaka yangu mkubwa. Mimi nilikuwa na miaka 17. Nilipiga makofi kama wengine, lakini neno "baba" lilinikwama kooni, na mpaka leo halitoki vizuri. Nalisema hili mapema ili msomaji ajue nimeketi upande gani ninapoihakiki albamu ambayo shughuli yake yote ni hiyohiyo: mtu amekufa, kiti kiko wazi, na mwingine anaambiwa akikalie.

Albamu hiyo ni Back in Black ya bendi ya roki ya AC/DC, iliyotoka Julai 1980. Niliisikia mara ya kwanza bwenini, hapa Kampala, kwa mwenzangu wa chumba, kijana wa Zambia asiyeona haya kufungulia redio saa kumi na mbili asubuhi. Nilidhani ni kelele tu. Nilipomuuliza anapata nini humo, hakunijibu habari za magitaa. Alinijibu habari za Mufulira. Jibu lake nitalifikia, lakini kwanza tumjue marehemu.

AC/DC ilianzishwa Sydney, Australia, mwaka 1973 na ndugu wawili, Malcolm na Angus Young, watoto wa familia iliyohamia huko kutoka Glasgow, Scotland, miaka kumi kabla. Malcolm alipiga gitaa la rithimu. Angus alipiga solo huku amevaa sare ya shule, kaptula na tai, vazi ambalo hajaliacha hata alipofikia umri wa kuitwa babu. Mwimbaji wao wa kwanza, Dave Evans, hakudumu. Mwaka 1974 akaingia Bon Scott, naye pia mzaliwa wa Scotland aliyekulia Australia, na yeye ndiye aliyeipa bendi mdomo. Nasema mdomo kwa kusudi. Sauti ya Scott haikuwa kubwa sana, lakini alikuwa msimulizi. Ukimsikiliza unaona mtu anayekuegemea begani kwenye kilabu cha pombe akikusimulia jinsi alivyonusurika kipigo jana usiku, na wewe unajua nusu yake ni uongo lakini hutaki anyamaze. Mwaka 1979 albamu yao ya Highway to Hell iliingia kwa mara ya kwanza katika ishirini bora za Marekani. Mlango ulikuwa umefunguka.

Tarehe 19 Februari 1980 Bon Scott alikutwa hana fahamu ndani ya gari jijini London, baada ya usiku wa kunywa. Hakuamka tena. Uchunguzi wa kifo chake uliitaja pombe. Alikuwa na miaka 33.

Kilichofuata kilikwenda mbio. Kabla Aprili haijaanza vizuri, bendi ilikuwa imemchagua Brian Johnson kutoka eneo la Newcastle, kaskazini mwa Uingereza. Katikati ya Aprili wote walikuwa Nassau, visiwa vya Bahamas, katika studio za Compass Point. Mwishoni mwa Juni Johnson alisimama nao jukwaani mara ya kwanza, mjini Namur, Ubelgiji. Julai santuri ikawa dukani. Tangu mazishi, miezi mitano. Kwetu kuna koo ambazo kwa miezi mitano hazijakubaliana hata tarehe ya kikao.

Haraka hiyo ndiyo shaka yangu ya kwanza, na sitaki kuificha. Mtu mwenye roho mbaya anaweza kusema waliogopa mlango uliofunguka Marekani usije ukafungwa. Ndugu wa Young wenyewe wamesimulia kwamba wazazi wa Scott ndio waliowaambia, siku za mazishi huko Australia Magharibi, kwamba watafute mwingine na waendelee. Idhini ya wazazi si jambo dogo, kwa maana mrithi hasimikwi ukoo ukigoma. Lakini idhini haitungi nyimbo. Ilibidi muziki wenyewe ujibu.

Na huyo Johnson alikuwa nani? Alikuwa na miaka 32. Aliwahi kuimba katika bendi ya Geordie, iliyopata nyimbo chache zilizovuma Uingereza mwanzoni mwa miaka ya 1970, kisha ikafifia. Mwaka 1980 alikuwa anaishi kwa kazi ya kutengeneza mapaa ya magari. Kinachofurahisha ni kwamba marehemu alikuwa amekwisha kumtaja. Karibu mwaka 1973, kabla Scott hajajiunga na AC/DC, bendi yake ya wakati ule ilitumbuiza pamoja na Geordie, naye akarudi na hadithi ya mwimbaji aliyejiangusha sakafuni na kupiga ukelele ambao hajapata kuusikia tangu Little Richard. Johnson amesimulia kwamba usiku ule alikuwa mgonjwa wa kidoletumbo. Yaani marehemu alimpenda mrithi wake kwa kumsikia akilia maumivu ya tumbo. Siwezi kufikiria utangulizi bora zaidi wa sauti ya Brian Johnson.

Sasa tuingie ndani ya albamu. Kinachosikika kwanza ni kengele, peke yake, bila chombo kingine. Wimbo ni "Hells Bells". Kengele hiyo ilitengenezwa kwa ajili ya bendi na kiwanda cha John Taylor huko Loughborough, Uingereza, na uzito wake unakaribia tani moja. Mafundi walijaribu kwanza kurekodi kengele ya mnara mmoja wa mji huo, lakini ndege waliokuwa wakiishi humo waliruka kila ilipogongwa, na mabawa yao yakaharibu kazi. Ikabidi waende kiwandani kwenyewe. Najua habari za namna hii hupendwa na mashabiki kuliko wahakiki, lakini hii inaonyesha kitu: watu waliotaka tu kuuza santuri haraka wasingehangaika kiasi hicho na mlio mmoja.

Baada ya kengele, gitaa moja linaingia likidonoa noti chache, kwa mwendo wa mtu anayetembea nyuma ya jeneza. La pili linafuata. Ngoma zinajongea. Kengele bado inalia juu yao. Inapita zaidi ya dakika nzima na hakuna aliyefungua kinywa. Bendi inajua kwamba kila anayesikiliza mwaka ule anangoja kitu kimoja, naam, sauti ya mgeni, na inamngojesha kwa makusudi. Niliposikiliza mara ya nne au ya tano ndipo nilipotambua ninachokumbuka. Nilikumbuka ua wa nyumbani, watu wamekaa kimya kwenye mikeka, macho yote mlangoni, na mrithi bado yumo ndani anavishwa.

Halafu Johnson anatoka. Anatoka juu kabisa, mahali ambapo waimbaji wengine humalizia. Sauti yake haina umbo la maneno kwanza. Ni kama bati linalopasuliwa. Na kitu cha kwanza anachofanya si kuomboleza. Anajitangaza kuwa ni ngurumo, mvua na tufani. Johnson amesimulia kwamba siku za kuandika wimbo huo kulikuwa na dhoruba kubwa Nassau, na kwamba hali ya hewa ilimsaidia kuanza. Inawezekana. Lakini sikilizeni anachofanya mgeni huyu: anaingia nyumba ya watu, na badala ya kubisha hodi anasema mimi ni radi.

Hapa ndipo ninapofikia hoja iliyonifanya niandike insha hii. Jina la albamu, na la wimbo unaofungua upande wa pili, halina kiambishi cha nafsi. Kiingereza kinaruhusu hivyo. Mwalimu wetu wa tafsiri alitupa zoezi la kutafsiri majina ya nyimbo tunazozipenda, nami kwa ubishi nikalipeleka hili. Nyeusi haikunipa taabu. Watu wa huko huvaa nyeusi wakifiwa, nasi tunaelewa. Taabu ilikuwa katika kurudi. Kiswahili hakikubali kurudi kusiko na mtu. Ni lazima uchague: nimerudi, tumerudi, amerudi. Nikakaa na kalamu robo saa.

Nikichagua "nimerudi", anayesema ni Johnson, maana yeye ndiye anayeimba. Lakini Johnson hawezi kurudi mahali ambapo hakuwahi kuwapo. Nikichagua "tumerudi", ni bendi: ndugu wawili, Cliff Williams kwenye besi na Phil Rudd kwenye ngoma, wametoka matangani wanaanza kazi. Hiyo ndiyo tafsiri ya heshima, na nadhani ndiyo ambayo bendi ingeitoa mbele ya waandishi wa habari. Nikichagua "amerudi", basi aliyerudi ni marehemu.

Ukisikiliza wimbo wenyewe, maneno yake yote yako katika nafsi ya kwanza umoja. Anayesema anajigamba kwamba ameponyoka kitanzi na hafi ovyo. Inasemekana Malcolm alimwomba Johnson asiandike kilio, aandike sherehe ya mtu aliyeondoka. Johnson hakumsifu marehemu kwa kumtaja. Jina la Scott halimo popote katika nyimbo hizi kumi. Alichofanya ni kusema "mimi" kwa niaba yake. Anatembea kwa majigambo ya Scott, anavaa ukaidi wa Scott, na kumfanya mtu aliyekufa ndani ya gari asiyeweza kuamka ajisifu kuwa kifo hakimwezi. Ni uongo, na ni uongo wa wazi, kama ule ambao Scott mwenyewe alikuwa akisimulia kilabuni. Mrithi wa kwetu husema vivyo hivyo anapotoka na mkuki. Hasemi "mimi ni mdogo wake", husema "mimi ndiye". Siku ile nilimwona kaka yangu kama mwigizaji mbaya. Sikujua kwamba tamko lile halikusudiwi kuaminiwa kama habari.

Mwalimu aliniandikia pembeni: "Chagua moja." Sikuchagua, na alama zikapungua.

Muziki wa wimbo huo unastahili neno lake. Umejengwa juu ya mapigo matatu ya gitaa, na kati ya pigo na pigo kuna ukimya. Kwa sikio langu lililozoea kadongo kamu, ambamo gitaa halinyamazi maana lazima limsindikize msimulizi, ukimya ule ulinitisha. Angus amesimulia kwamba kipande hicho kilikuwa kwenye kanda ya Malcolm kabla ya msiba, na kwamba Malcolm alimuuliza kama kinafaa ama akifute. Kwa hiyo kilizaliwa mwenye nyumba akiwa hai. Lakini ninavyokisikia leo, mapengo yale yana mtu ndani yake. Phil Rudd angeweza kuyajaza kwa mbwembwe, kama wapiga ngoma wengi wa roki wa wakati ule. Hakufanya hivyo. Anapiga anachotakiwa, anangoja, anapiga tena. Katika albamu yote hakuna ufundi mkubwa kuliko huo wa kungoja.

Sasa Mufulira. Aliyesimamia utayarishaji wa albamu ni Robert John Lange, ambaye wengi humwita Mutt. Mwenzangu wa chumba aliniambia kwa fahari kwamba mtu huyo alizaliwa Mufulira, mji wa migodi ya shaba, mwaka 1948, wakati Zambia ikiitwa Rhodesia ya Kaskazini, na mimi nikadhani ananitania. Ni kweli. Alikulia Afrika Kusini kabla ya kwenda Uingereza. Sitaki kumfanya Lange kuwa Mwafrika wa namna ambayo hakuwa. Mtoto wa Mzungu katika mji wa mgodi wa enzi ya ukoloni aliishi upande wa pili wa barabara, na mwenzangu analijua hilo kuliko mimi. Lakini fahari yake naielewa. Sisi wa nchi hizi tumezoea kusoma kuhusu santuri zilizoshinda ulimwengu na kutokuta jina la mji wetu hata mmoja.

Lange ndiye aliyeondoa vumbi kwenye sauti ya bendi hii. Albamu za awali, nyingi zikiwa zimetayarishwa na Harry Vanda na George Young, kaka mkubwa wa akina Malcolm, zinasikika kama chumba kimoja chenye joto. Hii inasikika kama ukumbi mtupu uliosafishwa: kila gitaa lina mahali pake, na ngoma ziko mbele. Viitikio vinaimbwa na sauti nyingi zilizopandishwa moja juu ya nyingine, hata mtu mmoja aliyeko jikoni anaweza kujiunga bila kujua Kiingereza. Johnson amesimulia jinsi Lange alivyomrudisha kwenye mstari uleule mara nyingi mpaka atosheke. Nadhani jambo hili linasikika. Kuna utiifu ndani ya ukali wa Johnson. Anapasua koo, lakini hapotezi pigo.

Na hapa lazima niseme kilichopotea, maana mashabiki wa albamu hii hawapendi kusikia. Kicheko kimepotea. Scott aliimba kama mtu mwenye siri, na Johnson anaimba kama mtu asiyeweza kuwa na siri hata moja, kwa sababu kila kitu kiko katika kiwango kimoja cha juu. Scott aliweza kuimba mstari mchafu ukacheka, kwa sababu ulijua mchafu ni yeye na anajua hivyo. Johnson akiimba mstari wa aina ileile, kinachobaki ni uchafu. Nyimbo mbili za upande wa kwanza, "Given the Dog a Bone" na "Let Me Put My Love into You", zinaumia kwa ajili hiyo. Mwanamke humo si mtu, ni chombo, na mafumbo yake ni ya kitoto kiasi kwamba hayafai kuitwa mafumbo. Wanawake waliotunga na kuimba taarabu walituonyesha miaka mingi iliyopita kwamba tungo ya mahaba inaweza kuwa kali kuliko hiyo bila kumvua mtu nguo. Nisingeweza kumtafsiria mama yangu nyimbo hizi mbili, na sababu si adabu peke yake. Ningeona aibu kwa uvivu wa mtunzi.

"Shake a Leg" nao unapita tu. Johnson amesukumwa juu mno, na wimbo hauna kiitikio cha kumshikilia. Lakini "You Shook Me All Night Long", ambao nao ni wa mahaba, unasimama, kwa sababu humo mwanamke ndiye mwenye nguvu na mwanamume ndiye aliyeshindwa na anafurahia kushindwa. Ni hapo tu, nadhani, ambapo Johnson anaukaribia ucheshi wa mtangulizi wake, na hata sauti yake inateremka kidogo mwanzoni mwa beti ili ipate mahali pa kupandia.

Ukaribu huo umezaa ugomvi wa urithi. Wako walioandika kwamba baadhi ya maneno ya albamu hii yalitoka katika madaftari ya Scott, na kwamba familia yake ilistahili kutajwa. Bendi imekana. Juu ya santuri watunzi ni watatu: Young, Young na Johnson. Kinachokubalika na wote ni kwamba siku chache kabla ya kufa Scott alifika mahali ambapo ndugu hao walikuwa wakijaribu vipande vipya, akakaa kwenye ngoma na kuwapigia. Ngoma ndizo alizoanza nazo muziki ujanani. Mimi si mpelelezi, na sikio langu peke yake haliwezi kuamua kesi ya namna hiyo. Nasema tu kwamba hakuna nyumba ya marehemu nayoijua ambamo mali haikugombaniwa, na hakuna ambamo pande zote mbili hazikuwa na la kusema. Picha ya mwimbaji aliyekaa nyuma ya ngoma, kimya, wenzake wakitafuta nyimbo ambazo hatakuja kuziimba, inanitosha.

Mwaka uleule wa 1980 vifo viwili vingine viliziuliza bendi za Uingereza swali hilohilo. Mwezi Mei, Ian Curtis, mwimbaji wa Joy Division, alijiua. Wenzake waliacha jina, wakajiita New Order, na mpiga gitaa wao Bernard Sumner hatimaye akachukua nafasi ya kuimba. Septemba, John Bonham, mpiga ngoma wa Led Zeppelin, alikufa akiwa na miaka 32, naye kwa pombe, na kabla mwaka haujaisha wenzake walitangaza kwamba bila yeye hawaendelei. Majibu matatu, basi: badilisha jina, funga nyumba, simika mrithi. Wahakiki wengi huona majibu mawili ya kwanza kuwa ya heshima zaidi, na mimi pia niliwahi kuona hivyo. Kuna usafi katika kufunga mlango. Lakini nyumba ikifungwa, waliobaki wanalala wapi? Mpiga besi na mpiga ngoma wana kodi ya kulipa. Ndugu wawili waliojenga kitu tangu ujana wao wana haki nacho hata kama mdomo wake umekufa. (Kisa cha Black Sabbath, waliotoa albamu na Ronnie James Dio mwezi Aprili mwaka huohuo, mimi sikihesabu hapa. Mwimbaji wao wa zamani alikuwa hai, ameachishwa. Hiyo ni talaka, na talaka ina sheria zake.)

Jalada la albamu ni jeusi tupu. Kampuni ya santuri haikulipenda, na bendi ikakubali jambo moja tu: mstari wa kijivu kuzunguka herufi za jina lake, ili lisomeke. Hakuna picha ya Scott, hakuna picha ya Johnson. Uamuzi huo ulikuwa wa hekima kuliko maneno yoyote ambayo wangeweza kuandika nyuma ya jalada, kwa sababu haukumlazimisha mnunuzi amtazame mgeni usoni kabla ya kumsikia. Watu walinunua. Marekani peke yake nakala zilizothibitishwa zimepita 25,000,000.

Wimbo ambao ulinishinda kwa muda mrefu kuliko wote ni "Have a Drink on Me". Jina lake ni mwaliko: kunywa, nalipa mimi. Mwenzao amekufa kwa pombe mwezi Februari, na mwezi Mei wanaimba sifa za chupa. Niliukasirikia. Nilimwambia mwenzangu kwamba huu si muziki wa watu waliofiwa, ni wa watu waliosahau. Yeye akaniuliza kwetu siku ya kumaliza msiba hunywewa nini. Nikanyamaza. Hunywewa pombe, na nyingi, na baba yangu mwenyewe, ambaye ini lake lilimuua na sababu tuliijua sote, tulimwagia ya kwanza chini kabla hatujainywa. Hilo halinifanyi niupende wimbo. Kama wimbo, ni wa kawaida. Kiitikio chake kinabebwa na kelele za pamoja kuliko na tuni. Lakini sidai tena kwamba ni usahaulifu. Inawezekana ni ukaidi, na inawezekana hawakujua njia nyingine ya kumtaja.

Albamu inaishia kwa "Rock and Roll Ain't Noise Pollution", uliotungwa mwisho ili nyimbo zitimie kumi. Inasikika sigara ikiwashwa, pumzi ikivutwa, na Johnson anaongea badala ya kuimba, gitaa likitembea taratibu chini yake. Anawajibu wanaolalamika kwamba muziki huu ni makelele. Ni hoja nyepesi kwa albamu iliyoanza na kengele ya msiba, na walionitangulia wameiona kuwa ni kujaza nafasi. Mimi naiona vingine. Kwa dakika arobaini mgeni huyu amesema kwa sauti ya radi, kwa nafsi ya marehemu, kwa koo lililopasuka. Hapa tu, kwenye maneno yale machache ya mwanzo kabla wimbo haujashika, anazungumza kwa sauti yake ya kawaida, kama fundi wa mapaa ya magari anayepumzika mlangoni mwa karakana. Hajifanyi Bon Scott.

Likizo iliyopita niliicheza nyumbani, kwa sauti ya chini, sebuleni. Kaka yangu alikuwa kwenye kiti cha baba akihesabu risiti za saruji. Wimbo huo wa mwisho ulipoanza aliinua kichwa akauliza huyu anayeongea ni nani. Nikamwambia ni mwimbaji mpya. Akasema, "Mpya tangu lini?" Nikamwambia tangu 1980, akacheka, akarudi kwenye risiti zake.